Reli nyembamba za misitu nchini China

Reli nyembamba za misitu nchini China zilikuwa njia za reli zilizojengwa ili kusafirisha magogo kutoka msituni hadi stesheni za reli kuu. Nyingi zilikuwa kaskazini-mashariki mwa nchi, katika majimbo ya Heilongjiang na Jilin na upande wa mashariki wa Mongolia ya Ndani. Upana wa njia ulikuwa kwa kawaida milimita 762, yaani zaidi kidogo ya nusu ya upana wa kimataifa wa milimita 1435. Kwa kulinganisha, reli za zamani zinazotoka Mombasa na Dar es Salaam zina upana wa mita moja, na TAZARA, iliyojengwa kwa msaada wa China katika miaka ya 1970, ina milimita 1067.

Reli hizi zilijulikana nje ya China kwa sababu ziliendelea kutumia injini za mvuke wakati nchi nyingi zilikuwa zimeziacha. Kuanzia miaka ya 1980 hadi mwanzoni mwa miaka ya 2000, wapenzi wa reli kutoka Ulaya, Japani, Australia na Marekani walisafiri kwenda kuziona, na karibu wote walikwenda wakati wa baridi kali. Mara nyingi hudhaniwa walifuata theluji kwa ajili ya picha. Hilo ni kweli kwa sehemu tu. Walikwenda wakati huo kwa sababu ndipo reli ilipokuwa na kazi: msitu ulikatwa wakati ardhi imeganda.

Asili

Misitu ya Manchuria, kama eneo hilo lilivyoitwa zamani, ilianza kukatwa kwa wingi wakati Warusi walipojenga Reli ya Mashariki ya China kati ya 1897 na 1903. Reli hiyo ilivuka eneo lote kutoka mpaka wa Siberia hadi upande wa Vladivostok, na mji wa Harbin ulikua mahali ilipovuka mto Songhua. Ilihitaji mbao kwa mataruma, madaraja na majengo, pamoja na kuni za injini. Njia ndogo za kuingia msituni zilichipuka kutoka kwenye stesheni zake.

Japani iliteka Manchuria mwaka 1931 na kuunda dola la Manchukuo mwaka uliofuata. Hadi mwaka 1945 Wajapani walivuna misitu hiyo kwa bidii na kuongeza reli za magogo. Upana wa milimita 762 ulikuwa wa kawaida pia katika reli za misitu za Japani yenyewe.

Baada ya Jamhuri ya Watu wa China kuundwa mwaka 1949, mahitaji ya mbao yaliongezeka zaidi. Migodi ya makaa ya mawe ilihitaji nguzo za kushikilia paa la mashimo, reli zilihitaji mataruma, na miji ilikuwa ikijengwa upya. Serikali iliweka misitu mikubwa chini ya idara za misitu. Jina "idara" linaweza kumpotosha msomaji, kwa kuwa haikuwa ofisi tu. Ilikuwa mji mzima: ilikuwa na kiwanda cha kupasua mbao, nyumba za wafanyakazi, shule, hospitali na polisi wake, na mara nyingi reli yake. Kutoka mji huo reli nyembamba ilipanda mabonde hadi vituo vya misitu, ambavyo vilikuwa vijiji vya wakata miti na familia zao. Katika mabonde mengine hapakuwa na barabara ya kuaminika, hivyo treni ndiyo iliyoleta unga, chumvi, barua na daktari.

Kazi ya majira ya baridi

Katika Heilongjiang wastani wa joto la Januari ni chini sana ya sifuri: takriban nyuzi 18 chini ya sifuri huko Harbin, na baridi zaidi katika milima ya Khingan Ndogo karibu na Yichun. Usiku wa nyuzi 30 chini ya sifuri si jambo la ajabu huko.

Mtu aliyezoea nchi za joto angedhani kazi za nje husimama katika hali hiyo. Kwa wakata miti ilikuwa kinyume. Wakati wa kiangazi mabonde ya eneo hilo ni matope na maji yaliyotuama, na gogo linalokokotwa huzama. Yakiganda, bonde lote linakuwa barabara. Magogo yaliweza kuvutwa juu ya theluji kwa farasi, ng'ombe au matrekta hadi kando ya reli bila kujenga njia ya gharama. Isitoshe, mti hauna utomvu mwingi wakati huo, na majani ya miti mingine yamekwisha kupukutika, hivyo ni rahisi kuona na kukata. Hatari ya moto nayo ni ndogo. Injini ya mvuke hurusha cheche, na msitu mkavu wa masika au vuli si mahali pake salama. Watu wa eneo hilo wana sababu ya kuogopa moto: mwezi Mei 1987 moto uliowashwa kwa uzembe wa wafanyakazi wa msituni, wala si na reli, uliteketeza zaidi ya hekta milioni moja katika milima ya Khingan Kubwa na kuua watu wapatao 200.

Kwa hiyo mwaka wa reli ya msitu ulikuwa na mwendo wake. Kuanzia mwishoni mwa vuli ukataji ulianza, treni zikaongezeka Desemba na Januari, na kazi ikasimama kwa siku kadhaa wakati wa Mwaka Mpya wa Kichina, ambao huangukia kati ya mwishoni mwa Januari na katikati ya Februari. Theluji ilipoanza kuyeyuka, sehemu kubwa ya kazi ilikwisha. Wageni waliofika majira ya joto mara nyingi walikuta injini zimezimwa ndani ya karakana.

Injini

Injini iliyotumika karibu kila mahali iliitwa C2, au kwa lugha ya wafanyakazi "injini ya tani 28", kutokana na uzito wake wa daraja hilo. Ina magurudumu manane, yote yakiunganishwa na kuendeshwa na mvuke, bila magurudumu madogo ya mbele wala ya nyuma. Kwa njia hiyo uzito wote wa injini unasaidia kushika reli, jambo muhimu kwenye miinuko na reli zenye barafu. Makaa na maji hubebwa katika behewa dogo linalofuata nyuma.

Umbo lake halikubuniwa China. Linatokana na aina ya Kisovyeti iliyoitwa PT-4, iliyotengenezwa kwa reli nyembamba za misitu na viwanda. Baada ya Vita Vikuu vya Pili, Umoja wa Kisovyeti uliagiza injini za familia hiyo kutoka viwanda vya Poland, Czechoslovakia, Hungaria na Finland. Muundo huo ukafika China, na viwanda vya huko, hasa Harbin na Shijiazhuang, vikaanza kujenga vyenyewe. ZM16-4 ni jina jingine la aina hiyohiyo. Ujenzi uliendelea hadi mwishoni mwa miaka ya 1980, jambo linalowashangaza wengi: injini iliyoonekana kama ya enzi za mababu huenda ilikuwa na umri mdogo kuliko dereva wake.

Sababu za kubaki na mvuke hazikuwa mapenzi ya mambo ya kale. Heilongjiang ina miji ya makaa ya mawe kama Hegang, Shuangyashan, Jixi na Qitaihe, hivyo makaa yalikuwa karibu na ya bei nafuu. Mafuta ya dizeli yalipaswa kununuliwa. C2 iliweza kutengenezwa na fundi mwenye nyundo, tanuru na mashine ya kukereza vyuma, na mishahara ilikuwa midogo.

Baridi iliongeza kazi ya kila siku. Injini haikuweza kuachwa izimike nje usiku, kwa sababu maji yangeganda na kupasua mabomba. Ama iliwekwa ndani ya karakana yenye joto, ama mtu alikesha akichochea moto mdogo. Maji ya kujaza yalipaswa kupatikana mahali ambapo pampu haikuganda. Kila baada ya saa kadhaa mchochea moto alisafisha wavu wa tanuru na kutoa majivu, mwili ukiungua upande mmoja na kuganda upande wa pili.

Treni za magogo na treni za watu

Behewa la magogo lilikuwa kitu cha ajabu. Kwa kawaida halikuwa behewa, bali vigari viwili vifupi visivyo na sakafu wala fremu ya kuviunganisha. Kila kimoja kilikuwa na boriti ya kulalia magogo na nguzo mbili za pembeni. Mashina marefu yalilazwa juu ya vigari vyote viwili na kufungwa kwa minyororo, na mzigo wenyewe ukawa ndio unaoviunganisha. Njia hii iliruhusu kubeba shina zima la mti bila kulikata vipande, na kupita kona kali za bondeni. Pia iliwahitaji wafanyakazi wanaojua kupanga mzigo. Gogo lililoteleza liliweza kuangusha treni.

Bahati ya kijiografia ilisaidia. Msitu uko juu na mji uko chini, hivyo treni zenye mzigo kwa kawaida ziliteremka, na zilizo tupu ndizo zilizopanda. Tatizo kubwa lilikuwa kusimama, si kuvuta. Kasi ilikuwa ndogo, na safari ya kilomita chache ilichukua saa nzima.

Mjini magogo yalishushwa kwenye uwanja mkubwa, yakakatwa kwa vipimo, yakapangwa kwa aina na kupakiwa upya kwenye mabehewa ya reli kuu. Miti iliyothaminiwa zaidi ilikuwa msonobari wa Korea, ambao mbegu zake huliwa, na lariksi ya milima ya kaskazini.

Treni za abiria zilikuwa na mabehewa mawili au matatu yenye viti vya mbao na jiko la makaa katikati. Madirisha yalifunikwa na barafu kwa ndani. Abiria walikuwa wanafunzi, wakata miti wanaorudi nyumbani, na wanawake wenye vikapu vya mayai. Palikuwa pia na vigari vidogo vya injini ya petroli au dizeli, vinavyofanana na kile ambacho wafanyakazi wa reli wa Tanzania hukiita kiberenge. Vilibeba maofisa, wagonjwa na mafundi wa njia. Wachina waliviita "motuoka", neno lililotoka katika Kiingereza kama lilivyotoka neno letu la zamani "motokaa".

Baadhi ya njia

Weihe na Yabuli ziko kando ya reli kuu ya Harbin kuelekea Suifenhe, ambayo ni sehemu ya ile Reli ya Mashariki ya China. Zilikuwa miongoni mwa reli za misitu zilizofikika kwa urahisi kutoka Harbin. Leo Yabuli inajulikana zaidi kwa mchezo wa kuteleza kwenye theluji, na sehemu ya Michezo ya Majira ya Baridi ya Asia ya mwaka 1996 ilifanyika huko.

Langxiang na Dailing ziko katika milima ya Khingan Ndogo, kwenye reli ya kuelekea Jiamusi. Xinglong na Zhanhe zilikuwa pia katika Heilongjiang. Katika jimbo la Jilin palikuwa na njia karibu na milima ya Changbai, kama ile ya Baihe.

Njia ya Huanan, karibu na Jiamusi, inastahili maelezo zaidi kwa sababu ilidumu kuliko nyingine. Ilianza kama reli ya misitu. Magogo yalipopungua, haikufungwa, kwa kuwa upande wa pili wa mlima palikuwa na migodi ya makaa ya mawe. Ikageuka kuwa reli ya makaa, na injini zilezile za C2 zikaendelea na kazi. Lakini mzigo sasa ulipaswa kupanda. Kutoka stesheni ya Lixin treni zilizojaa makaa zilipanda mlima kwa injini mbili, moja ikivuta mbele na nyingine ikisukuma nyuma. Kwa wapiga picha hakuna mahali palipozidi hapo, na katika miaka ya mwanzo ya 2000 wengi walikwenda China kwa ajili ya mlima huo mmoja. Kazi ya kawaida ya mvuke ilidumu hadi mwanzoni mwa miaka ya 2010.

Safari ya kuziona

Katika miaka ya 1980 sehemu nyingi za kaskazini-mashariki zilikuwa hazijafunguliwa kwa wageni. Aliyetaka kufika msituni alihitaji kibali cha polisi, na kwa kawaida alisafiri na kikundi chenye mkalimani. Baadaye masharti yalilegezwa, lakini idhini ya idara ya misitu bado ilihitajika ili kuingia karakana au kupanda treni za magogo.

Safari ya kawaida ilianzia Harbin, ambako tamasha la barafu na theluji huadhimishwa tangu 1985 na kuanza mwanzoni mwa Januari. Kutoka hapo mgeni alipanda treni ya reli kuu, mara nyingi ya usiku, hadi mji wa idara. Mchana ni mfupi: mwishoni mwa Desemba jua huchomoza baada ya saa moja asubuhi na kuzama kabla ya saa kumi alasiri. Aliyetaka picha alipaswa kuwa amesimama kwenye theluji kando ya njia jua linapochomoza, bila kujua kwa hakika kama treni itakuja. Ratiba ya magogo haikuandikwa popote. Treni iliondoka ilipojaa.

Kinachofanya picha za majira ya baridi kuwa za kuvutia ni jambo rahisi la fizikia. Mvuke wenyewe hauonekani. Wingu jeupe ni matone madogo yanayotokea mvuke unapopoa, na kadiri hewa inavyokuwa baridi, ndivyo matone yanavyotokea haraka na kudumu hewani. Injini ambayo mwezi Julai hutoa moshi mwembamba, mwezi Januari huburuta wingu kubwa kuliko treni nzima. Wakati mwingine wingu hilo lilificha kila kitu, na mtu aliyesafiri nusu ya dunia akarudi na picha ya weupe mtupu.

Baridi ilileta shida nyingine kwa wageni. Betri za kamera hupoteza nguvu haraka katika nyuzi 30 chini ya sifuri, na filamu hukauka na kukatika. Kamera ikiingizwa ghafla katika chumba chenye joto, unyevu huganda juu ya lenzi, hivyo wazoefu waliifunga ndani ya mfuko kwanza. Ngozi tupu ikigusa chuma hunata.

Maandishi mengi ya wageni hao husifu uzuri wa mabonde na kusema machache kuhusu kilichokuwa juu ya vigari. Hata hivyo kumbukumbu zao na picha zao zina thamani, kwa sababu zinaonyesha jinsi mashina yalivyobadilika. Magogo manene ya msonobari yanaonekana katika picha za zamani. Katika nyingi za baadaye vigari vimebeba miti myembamba ambayo zamani isingekatwa.

Kukoma

Kufikia miaka ya 1980 misitu iliyokuwa karibu na reli ilikuwa imekatwa kiasi kwamba idara zililazimika kwenda mbali zaidi kutafuta miti. Kuongeza reli kulikuwa na gharama, na malori yaliweza kufika popote njia ilipofunguliwa. Njia kadhaa zilifungwa wakati huo.

Pigo kubwa lilikuja mwaka 1998. Katika kiangazi cha mwaka huo mafuriko makubwa yalitokea katika mto Yangtze na pia kaskazini-mashariki, katika mito ya Nen na Songhua. Serikali ilitaja ukataji wa misitu ya nyanda za juu kuwa mojawapo ya sababu. Mpango wa kuhifadhi misitu ya asili ulianza kwa majaribio mwaka huohuo, na idara za misitu zikaamriwa kupunguza ukataji. Reli ambayo ilikuwa na treni nyingi kwa siku ikabaki na chache, halafu hakuna. Katika miaka michache baada ya 2000 njia za mwisho zilizokuwa zikibeba magogo zilifungwa moja baada ya nyingine. Mwaka 2014 ukataji wa kibiashara katika misitu mikuu ya serikali ya Heilongjiang ulisimamishwa kabisa.

Kwa msitu hii ilikuwa nafuu. Kwa watu wa mabondeni haikuwa rahisi. Idara ilikuwa mwajiri wa pekee, na reli ilikuwa njia ya pekee ya vijiji vingine. Vyuma viling'olewa na kuuzwa kama chakavu, barabara ikajengwa juu ya tuta la reli au haikujengwa, na familia nyingi zilihamia mjini. Waliobaki wamegeukia ulinzi wa msitu, uyoga, mbegu za msonobari na utalii. Mwaka 2021 sehemu ya misitu ya Heilongjiang na Jilin ilitangazwa kuwa hifadhi ya taifa ya chui-milia na chui wa kaskazini-mashariki, ambao idadi yao ilikuwa imeshuka sana.

Zilizobaki

Huko Huanan sehemu ya njia imefufuliwa kwa treni ya mvuke ya watalii. Injini nyingine za C2 zimesimamishwa katika bustani na makumbusho za miji ya misitu, na moja iliyojengwa Harbin ilinunuliwa na kupelekwa Wales, ambako iliwekwa katika karakana ya reli ya Ffestiniog, ambayo upana wake ni chini ya milimita 600.

Anayetaka kuona aina hiyo ya injini ikifanya kazi kwenye upana wake wa asili anaweza pia kwenda kusini-magharibi, katika wilaya ya Qianwei, jimbo la Sichuan. Reli ya Jiayang, inayoitwa pia Shibanxi, ilifunguliwa mwaka 1959 kwa ajili ya mgodi wa makaa ya mawe na ina urefu wa kilomita karibu 20. Haikuwa reli ya misitu, na huko hakuna baridi ya Heilongjiang. Imebaki kwa sababu vijiji vya bondeni viliitegemea, kisha watalii wakaongezeka. Msimu wake wenye wageni wengi ni Machi, mashamba ya haradali yanapochanua maua ya njano kando ya njia.